Dada Aliyeziandika Nyota

Mwezi huu tunaacha kidogo habari za kadi ya kliniki na uji wa lishe, tutoke uani usiku, taa zikiwa zimezimwa. Lile fungu dogo la nyota ambalo bibi zetu walilitazama wapate kujua majira ya kulima, ndilo Kilimia. Hata kitabu cha Ayubu kinalitaja. Kwa macho matupu wengi wetu huhesabu nyota sita tu. Kwa kweli ni zaidi ya elfu moja, zilizozaliwa pamoja kama watoto wa tumbo moja, na nuru yake husafiri miaka ipatayo 440 kabla ya kutufikia. Yapo pia mawingu ya gesi na vumbi ambamo nyota huzaliwa, nayo huitwa nebula. Na mbali kupita hayo zipo galaksi, kila moja ni mji mzima wa nyota, mabilioni kwa mabilioni.

Zamani vitu hivyo vitatu havikutofautishwa vizuri. Katika darubini ndogo vingi vilionekana kama doa la ukungu, kama pumzi juu ya kioo. Mfaransa Charles Messier aliorodhesha madoa 103 kufikia mwaka 1781, hasa ili yasimchanganye alipokuwa akitafuta nyota zenye mkia. Mmoja wa walioonyesha mapema kwamba orodha ile ilikuwa mwanzo tu alikuwa mwanamke, na habari zake ndizo tunazowaletea.

Caroline Herschel alizaliwa Hannover, Ujerumani, mwaka 1750. Akiwa na umri wa miaka kumi hivi alishikwa na tifasi (si taifodi tunayoijua, hii huenezwa na chawa). Alipona, lakini kimo chake kilikomea kwenye sentimita 130 hivi. Baba yake, mpiga muziki wa jeshi, alipenda binti asome. Mama alikataa, akamtaka awe mtumishi wa nyumbani, afue na kufuma soksi. Tusimhukumu mama huyo upesi. Alizaa watoto kumi, na sote tunazijua nyumba ambamo binti mmoja hubakizwa awe mikono ya mama yake. Mwaka 1772 kaka yake William, aliyekuwa mwanamuziki katika mji wa Bath, Uingereza, alikuja kumchukua. Ili mama akubali, ilibidi kaka aahidi fedha za kila mwaka za kuajiri mtumishi badala yake. Ndiyo kusema, bei ya Caroline ilikwisha kujulikana.

Huko Bath alijifunza Kiingereza, kuimba, na hesabu, ingawa jedwali la kuzidisha halikumkaa kichwani hata uzeeni. Alitembea nalo kwenye karatasi. Kaka alipoanza wazimu wa kutengeneza darubini, aliweza kusugua kioo saa kumi na sita bila kuondoa mkono, naye dada akimlisha tonge kwa tonge. Mwaka 1781 William akaigundua sayari ya Uranus, mfalme akampa mshahara, na muziki ukaachwa. Caroline hakuulizwa kama alitaka kuacha kuimba. Alipewa darubini ndogo, akaambiwa akae nje, apitishe macho angani.

Akapitisha. Tarehe 26 Februari 1783 aliona fungu la nyota ambalo halikuwa katika orodha ya Messier. Tarehe 23 Septemba mwaka huo huo akaona doa refu la ukungu, chini kabisa upande wa kusini, ambalo leo huitwa NGC 253. Kuona kwamba dada mwenye kidarubini kidogo anapata mapya, William naye akaanza msako kwa darubini yake kubwa yenye urefu wa futi 20. Na hapo dada akarudishwa mezani.

Sisi tuliokesha wodini tunaelewa kwa nini. Ukitoka kwenye taa ya meza ya wauguzi huoni kitu gizani, mpaka macho yatulie karibu nusu saa. William angewasha mshumaa ili aandike, angeipoteza nebula iliyofuata. Basi yeye alikaa gizani akitaja kwa sauti alichokiona, na Caroline dirishani, na mshumaa wake na saa yake, akiandika. Asubuhi alifanya hesabu na kunakili upya kwa usafi. Walikwenda hivyo karibu miaka 20, wakapata nebula na mafungu ya nyota 2,500. Vitabu vingi husema William alizigundua. Ni kweli, ila ripoti ya usiku isipoandikwa, mgonjwa wa kitanda cha nane ni kama hakulala pale.

Usiku wa tarehe 31 Desemba 1783 palikuwa na theluji inayoyeyuka, kina cha futi nzima. Mawingu yalifunguka ghafla, kaka akahimiza, Caroline akakimbia gizani na kuteleza. Ndoano kubwa ya chuma, kama zile za kutundikia nyama buchani, ikamwingia juu ya goti. Walipomnyanyua, kipande cha nyama cha gramu zaidi ya hamsini kilibaki kwenye ndoano. Alijifunga kidonda mwenyewe. Daktari aliyemwona baadaye alisema askari mwenye jeraha kama lile angestahili kulazwa wiki sita. Chanjo ya pepopunda haikuwepo bado, na kupona kwake tunakuona kuwa rehema tupu. Yeye alichoandika ni kwamba alifarijika kuwa mawingu yalirudi usiku ule, hivyo kaka hakupoteza kitu!

Mwaka 1787 mfalme alimwekea mshahara wa pauni 50 kwa mwaka, naye William alikuwa akipata 200. Caroline alikuwa na miaka 37, na aliandika kwamba hizo ndizo fedha za kwanza maishani mwake alizojiona huru kuzitumia apendavyo. Mwaka uliofuata kaka akaoa mjane mwenye mali. Funguo za nyumba zikahamia kwa wifi, Caroline akaenda kupanga. Alichoandika katika miaka iliyofuata hatukijui, kwa kuwa madaftari hayo aliyaharibu baadaye, na wanawake tunaweza kukisia sababu. Lakini nyota zenye mkia alizogundua ni nane, na saba kati yake alizipata baada ya kuondolewa jikoni.

William alifariki mwaka 1822. Caroline akarudi Hannover, na akiwa amepita miaka 70 akazipanga upya zile 2,500, kanda kwa kanda, ili John, mtoto wa kaka yake, aweze kuzitafuta tena moja moja. Kwa kazi hiyo Chama cha Kifalme cha Wanafalaki cha Uingereza kilimpa nishani ya dhahabu mwaka 1828. Mwanamke wa pili kuipata alikuwa Vera Rubin wa Marekani, mwaka 1996. Caroline aliaga dunia mwaka 1848, akiwa na miaka 97.

Lile doa la Septemba sasa twajua ni galaksi, na nuru yake imesafiri miaka ipatayo milioni 11. Kule Uingereza ilimbidi aitafute karibu na upeo wa macho. Kwetu hupita karibu na utosi. Mwezi wa Novemba, saa tatu usiku, mahali pasipo taa, tafuteni kwanza nyota iitwayo Diphda, iliyo peke yake juu sana. Nyosheni mkono, mpime upana wa vidole vinne kuelekea kusini. Ukiazima darubini ya mkononi, ile ya macho mawili, utaona mstari mwembamba wa ukungu. Watoto wapeni zamu, na wavae masweta.