Kufungua Mashine Yako si Wizi

Wiki hii sitakufundisha ngeli. Nina ugomvi na mwalimu mwenzangu mmoja ambaye, katika chumba cha walimu, alimwita mpwa wangu mwizi mbele ya watu kumi, nami nikakaa kimya kwa kuwa chai ilikuwa mdomoni. Chai sasa imekwisha.

Kisa chenyewe ni kidogo. Mpwa wangu ana umri wa miaka 17. Alidunduliza fedha za likizo mbili, akanunua mashine ya PlayStation 3 iliyotumika, katika duka moja la Kampala linalouza vifaa vya mitumba. Alipewa mashine, pedi mbili na diski tatu halali, kila moja ndani ya kasha lake. Baada ya miezi minne leza ikaanza kuchoka: diski huingia, hunguruma, kisha hutemwa. Fundi akampa njia mbili. Ya kwanza ni kubadilisha leza, kwa leza nyingine iliyong'olewa katika mashine nzee kama hiyo hiyo. Ya pili ni kuifungua mashine kwa programu, kuzinakili zile diski tatu kwenye diski kuu ya ndani wakati leza ingali na pumzi, na baada ya hapo kucheza bila kuitegemea leza tena. Kijana akachagua ya pili. Hilo ndilo kosa lake lote.

“Ameiba,” akasema mwalimu mwenzangu. “Mashine ikifunguliwa, hapo pana wizi.”

Tuyatazame maneno, maana haki za watu hupotea kwanza katika maneno kabla hazijapotea mahakamani. Wizi ni kuchukua mali ya mtu bila ridhaa yake, hata yeye akabaki bila mali hiyo. Kunakili kazi ya mtu na kuisambaza pasipo ruhusa ni kosa jingine, lenye jina lake: ukiukaji wa hakimiliki. Kufungua kitu ulichokinunua ni tendo la tatu, na tendo hilo ndilo walilolifanya mababu zetu kila walipotengeneza jembe, saa, baiskeli au redio. Mwalimu mwenzangu aliyatia yote matatu katika kikombe kimoja, akakoroga, akamnywesha mtoto.

Kuna neno moja zaidi ambalo wewe unayejifunza Kiswahili yafaa ulitazame vizuri. Wataalamu wa kompyuta wametupa kitenzi “kusakinisha”. Mzizi wake ndio ule ule wa “maskani”. Kusakini ni kukaa mahali. Kusakinisha ni kukipa kitu mahali pa kukaa. Basi ukisakinisha mchezo ndani ya mashine, umeupangia nyumba. Swali ambalo raia hana budi kuuliza ni hili: nyumba ni ya nani? Ikiwa ni yangu, kwa nini mtu aliyeniuzia abaki na ufunguo, tena wa pekee, na aweze kuja usiku kubadilisha kufuli?

Usidhani natia chumvi. Mashine hiyo ilipotoka Novemba 2006, Sony wenyewe waliwaruhusu wanunuzi kusakinisha ndani yake mfumo mwingine wa uendeshaji, kama vile Linux. Watu waliichukua ruhusa ile kwa uzito. Maabara ya Jeshi la Anga la Marekani iliunganisha mashine zaidi ya 1,700 za aina hiyo zikafanya kazi kama kompyuta moja kubwa. Kisha tarehe 1 Aprili 2010 likatolewa sasisho namba 3.21, na uwezo ule ukaondolewa. Sababu iliyotajwa ilikuwa usalama. Aliyelikataa sasisho alibaki na uwezo wake wa zamani lakini akafungiwa kucheza mtandaoni; aliyelikubali alipoteza kitu alichokuwa amekilipia. Chagua mkono upi ukatwe! Wanunuzi wa Marekani walikwenda mahakamani, na shauri likaisha kwa maelewano baada ya miaka mingi. Januari 2011 kampuni hiyo ilimshtaki kijana Mmarekani, George Hotz, kwa kuchapisha funguo za mashine; Aprili mwaka huo huo pande mbili zikapatana, naye akakubali kutorudia.

Katika habari yote hiyo, aliyeingia nyumbani kwa mwenzake akaondoka na kitu ni nani?

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Kampuni nazo zina hoja. Ilipotoka, PlayStation 3 iliuzwa kwa hasara, na hasara ile ilitarajiwa kufidiwa kwa mauzo ya michezo. Mchezo mmoja mkubwa hutengenezwa na mamia ya watu kwa miaka kadhaa: wachoraji, watunzi wa muziki, waandishi wa programu, nao hula kwa jasho hilo. Hoja hiyo ninaikubali kwa mchezo ambao bado uko sokoni. Lakini uundaji wa PlayStation 3 ulikoma mwaka 2017. Mashine ya mpwa wangu imepita mikononi mwa watu watatu au wanne, na hakuna senti ya mauzo hayo iliyokwenda kwa aliyeiunda. Hasara gani inalindwa kwa kufuli lile leo?

Na michezo yenyewe, iko wapi? Duka la mtandaoni la Wii lilifungwa tarehe 30 Januari 2019. Maduka ya 3DS na Wii U yakafungwa tarehe 27 Machi 2023. Machi 2021 Sony walitangaza kufunga duka la PlayStation 3. Wateja wakapiga kelele, na mwezi uliofuata kampuni ikarudi nyuma. Nalishukuru duka hilo, lakini naliona kama mgonjwa aliyeruhusiwa kwenda nyumbani, si kama mtu aliyepona. Mwaka 2023 taasisi ya Video Game History Foundation ilionyesha kwamba asilimia 87 ya michezo ya zamani iliyotolewa Marekani kabla ya mwaka 2010 haiuzwi tena popote kwa njia ya kawaida. Fikiri maktaba ambayo katika kila vitabu mia, 87 vimefungiwa stoo, na anayetaka kuvisoma anaambiwa akanunue kwenye duka ambalo halipo.

Hapa sasa ndipo hasira yangu inapochemka kweli. Wenzetu wa Ulaya na Marekani wanalalamika kuwa maduka yanafungwa. Sisi hatujawahi kufunguliwa! Fomu ya kujiandikisha katika duka la mtandaoni la PlayStation humtaka mtu ataje nchi yake. Kwa miaka mingi, Uganda haimo katika orodha hiyo. Kenya haimo, Tanzania haimo, Rwanda na Burundi hazimo, Kongo haimo. Afrika nzima imewakilishwa na Afrika Kusini. Mei 2024 aibu hii ilionekana duniani kote, pale Sony ilipowataka waliokuwa wakicheza Helldivers 2 kwenye kompyuta wajiandikishe katika mtandao wake. Mchezo ukaondolewa sokoni katika nchi zaidi ya 170 ambazo mtandao huo hauzitambui. Agizo la kujiandikisha lilifutwa baada ya siku chache kwa makelele ya wachezaji, lakini orodha ya nchi ikabaki ile ile wakati huo.

Vijana wetu wakafanya nini? Wakajiandikisha kama wakazi wa London na Johannesburg. Kijana wa Jinja, ambaye hajawahi kuvuka mpaka wa Malaba, anaandika mtaa wa Uingereza ili aruhusiwe kutoa fedha yake halali. Yaani mlango wa uaminifu umewekwa mahali ambapo hupitiki bila kusema uongo. Halafu mtoto akipita dirishani kwake mwenyewe, tunamwita mwizi.

Sheria zasemaje? Mwaka 1996 ulitiwa saini Mkataba wa Hakimiliki wa WIPO, unaozitaka nchi wanachama zizilinde kufuli za kidijitali. Marekani ikatunga sheria yake mwaka 1998, inayokataza kuzivunja hata pale ambapo hujanakili kitu cha mtu. Wenyewe wameona sheria hiyo inabana, ndiyo maana kila baada ya miaka mitatu husikiliza maombi ya misamaha. Mwaka 2021 walikubali kwamba mtu aweza kulivunja kufuli la mashine ya michezo ili abadilishe kiendeshi cha diski kilichokufa, kwa sharti kwamba akimaliza alirudishe kufuli. Mwaka 2024 ombi la maktaba, kwamba watafiti waruhusiwe kuifikia michezo ya zamani wakiwa mbali, likakataliwa. Kwetu Uganda tuna Sheria ya Hakimiliki na Haki Jirani ya mwaka 2006, inayotambua matumizi ya haki, yakiwemo baadhi ya matumizi binafsi ya mtu nyumbani kwake. Jirani zetu wa Kenya, katika sheria yao ya mwaka 2001, wanakataza waziwazi kuzikwepa kufuli hizo. Ninachokiona katika safari hii ya sheria ni kwamba kufuli limewasili Afrika Mashariki kabla ya duka. Tuliletewa adhabu, bidhaa ikabaki bandarini.

Kwa hiyo natamka wazi. Sheria iruhusu mtu kufungua mashine aliyoinunua ili aitengeneze. Iruhusu kunakili diski anayoimiliki kwa matumizi yake mwenyewe. Iruhusu maktaba na shule kuhifadhi michezo ambayo hakuna anayeiuza. Ukitaka kuandika barua kuhusu hili, mwandikie mbunge wako, na nakala uipeleke URSB, ofisi inayosajili hakimiliki nchini Uganda. Iandike kwa Kiswahili. Ni lugha rasmi ya pili nchini kwa marekebisho ya Katiba ya mwaka 2005, na ofisi zetu zizoee kuisoma.

Wewe uliyekuwa ukinishangilia tangu mwanzo, ngoja kidogo, nina neno na wewe pia. Najua vibanda ambako fundi hujaza michezo mia mbili katika diski kuu moja na kuiuza kwa bei iliyobandikwa ukutani. Huyo hanirubuni kwa jina la uhuru. Anauza jasho la watu ambao hakuwaomba ruhusa, na miongoni mwa michezo hiyo imo ambayo bado inauzwa, mingine ikiwa kazi ya watu watatu wanaoishi kwa mauzo hayo hayo. Usiniambie “ni kampuni kubwa, haitahisi”. Mwizi wa kuku naye husema banda lilikuwa limejaa. Nami sijasema kwamba kila kitu ni chako. Nimesema kwamba mashine ni yako.

Tena ukiamua kuifungua, ifungue kwa akili. Uliza kwanza aina ya mashine uliyo nayo, maana zile nyembamba za mwisho hazipokei mfumo mbadala wa kudumu. Hukubali njia ya muda tu, ambayo sharti uiwashe upya kila unapowasha mashine. Fahamu kwamba mashine iliyofunguliwa yaweza kufungiwa mtandaoni, na hutakuwa na pa kukata rufaa. Flashi ya muundo wa FAT32 haipokei faili linalozidi GB 4, kwa hiyo usimlaumu fundi mchezo mkubwa ukikataa kuingia. Na kwa jina la Mungu, usiandike programu mpya ndani ya mashine siku ambayo umeme wa mtaani kwenu unachezacheza. Ukikatika katikati ya kazi hiyo, mashine hugeuka tofali, na tofali hilo halijengi.

Mpwa wangu alisubiri usiku wa Jumapili, saa sita, wakati majirani wamezima majiko. Alinakili diski moja baada ya nyingine. Ya tatu ilikwama mara mbili. Leza ilikuwa ikikata roho. Alfajiri alinionyesha makasha matatu kwenye rafu, diski zimo ndani, hataki kuziuza kwa sababu, aliniambia, “Mjomba, nikiuza diski na kubaki na nakala, hapo mwalimu atakuwa na haki.” Hakuna aliyemfundisha hilo.

Nimesahau jambo moja kuhusu mwalimu mwenzangu. Muhula uliopita aliligawia darasa lake fotokopi za riwaya nzima, kutoka jalada hadi jalada, nakala 40, na mwandishi wa riwaya hiyo yu hai. Jumatatu nitaziomba diski tatu za mpwa wangu, nizipeleke chumba cha walimu, niziweke mezani kando ya zile fotokopi, kisha nimwombe mwenzangu aninyooshee kidole mali ya wizi ni ipi. Safari hii nitakuwa nimekwisha kunywa chai.