Taa za Mweru Zina Wenyewe

Muhula uliopita tulifanya mjadala darasani. Mada ilisema kwamba utalii wa vikundi vidogo ndio tumaini la sehemu zilizo mbali na miji mikuu. Upande wa kuunga mkono ulileta mfano wa Tromsø, mji wa kaskazini mwa Norway, ambako wageni wachache hupakiwa kwenye basi dogo usiku wa baridi, hupewa mavazi mazito, kisha hupelekwa kutazama mianga ya kaskazini: ile nuru ya kijani inayocheza angani kama pazia linalopepewa na upepo. Hoja zao zilikuwa nzuri. Kikundi ni kidogo, mwongozaji anamjua kila mgeni kwa jina, hakuna kusukumana, na mji unapata riziki katika miezi ambayo zamani watu walijifungia ndani. Kisha mmoja wao akanigeukia, akaniuliza, "Na wewe wa Kashikishi, kwenu kuna nini cha kuonyesha?"

Nilijibu kwamba kwetu nako kuna mianga ya kaskazini. Darasa likacheka, kwa kuwa kila mtu anajua kwamba mianga ile huonekana karibu na ncha za dunia, nasi tuko digrii tisa tu kusini mwa ikweta. Nikaeleza kwamba nilikuwa na maana ya kaskazini mwa Zambia, na taa za wavuvi katika Ziwa Mweru. Nilipomaliza walipiga makofi. Mwenzangu yule akasimama akasema, "Basi Tromsø yenu ndiyo hiyo! Tafuteni basi dogo." Tulipopiga kura upande wao ukashinda, na mimi nilipiga kura pamoja nao. Ninaandika insha hii ili niidai kura yangu inirudie.

Kwa msomaji ambaye hajafika Luapula, Kashikishi ni mji wa wavuvi na wafanyabiashara katika Wilaya ya Nchelenge. Mbele yake kuna Ziwa Mweru, lenye ukubwa wa takriban kilomita za mraba 5,000, na mpaka wetu na Kongo umepita humo humo majini. Ng'ambo kuna Pweto na Kilwa (si ile ya pwani ya Tanzania), na ni kwa Wakongo wanaovuka kuja sokoni kwetu ndiko nilikoanza kusikia Kiswahili kabla sijakisoma darasani. Katika ziwa hili kuna samaki mdogo tunayemwita chisense. Mtu wa Mwanza au Kigoma atamfananisha na dagaa, wala hatakosea sana. Huvuliwa usiku wa giza, mwezi usipokuwapo. Wavuvi hutoka jioni na mitumbwi yao, huwasha taa juu ya maji, hungoja. Zamani zilikuwa karabai. Siku hizi wengi wana taa za betri zinazochajiwa kwa jua. Samaki huufuata mwanga na kukusanyika chini yake, ndipo wavu hufanya kazi. Asubuhi wanawake huwaanika, na wakikauka hutiwa kwenye magunia na kupakiwa kwenda Copperbelt na Kongo.

Ukisimama ufukweni saa tatu ya usiku wa namna hiyo, utaona taa zimetanda hadi usiweze kujua ziwa linaishia wapi na nyota zinaanzia wapi. Ni kweli kwamba zinapendeza. Sijawahi kukataa hilo. Ninachokataa ni hatua iliyofuata pale darasani, yaani kwamba kwa kuwa zinapendeza kama mianga ya Tromsø, basi zinaweza kuuzwa kama mianga ya Tromsø.

Tofauti yake ni moja, nayo inatosha. Mwanga wa Tromsø hauna mwenyewe. Chembe zenye chaji hutoka kwenye jua, huvutwa na usumaku wa dunia, hugonga hewa ya juu kabisa, na anga huwaka. Wageni wakija elfu moja au asiwepo hata mmoja, mwanga ule haupungukiwi kitu. Anayewapeleka wageni anauza maarifa yake tu: anajua mawingu yameelekea wapi, barabara gani haina barafu, na pengine lini inafaa kuvuka hadi Finland kutafuta anga safi. Hajamchukulia mtu chochote. Lakini kila taa ya Mweru imewashwa na mtu, kwa betri aliyoinunua, akiwa na njaa yake na deni lake. Kuuza mandhari hayo ni kuuza kazi ya mtu. Anayeuza kazi ya mtu pasipo kumwuliza wala kumlipa, Kiswahili kina jina lake, nami sitalitaja kwa sababu walimu wangu wanasoma.

Mtasema ninakuza jambo. Basi nieleze nilichokiona. Likizo iliyopita ya kiangazi nilikwenda ziwani na mjomba wangu. Tulikuwa tumekaa na taa yetu kwa muda mrefu, samaki wameanza kuja, maji chini ya taa yanametameta. Mara tukasikia injini. Boti ilikuja na wageni sita na mwongozaji ambaye hakuwa mtu wa wilaya yetu. Alitaka wapige picha kwa karibu. Boti ikatuzunguka, mawimbi yakaitikisa taa, na tochi kubwa ikamulikwa majini, kisha usoni mwetu. Mwongozaji akawaeleza kwa Kiingereza kwamba watu hawa wanavua hivi kwa kuwa umeme haujawafikia. Mjomba, ambaye hajui Kiingereza, akaniuliza, "Wanasemaje, mwanangu?" Nikamdanganya. Nikamwambia wanasema ziwa letu ni zuri. Akawapungia mkono.

Baada ya robo saa waliondoka. Samaki nao walikuwa wameondoka. Tulihama, tukawasha upya, tukapata kidogo kabla ya alfajiri. Shangazi, mkewe mjomba, alikuja ufukweni na mabeseni matatu, akarudi na moja, tena halikujaa. Wale wageni sita bila shaka walikuwa wamelipa, na picha walizopata ni za mtumbwi wetu. Katika malipo yao hatukupata hata bei ya betri.

Sina ugomvi na wageni. Walidhani wamefuata utaratibu. Ugomvi wangu ni na fikra kwamba kikundi kikiwa kidogo, basi ziara ni njema. Wale walikuwa sita tu! Udogo wa kikundi humfaa mgeni, kwa kuwa anapata nafasi ya kuuliza na kutazama vizuri. Mwenyeji anafaidika na jambo lingine: kuulizwa. Na hapa darasa zima, mimi nikiwamo, tulisahau kuitazama methali tunayoipenda kuliko zote, mgeni njoo, mwenyeji apone. Tunaimba nusu ya kwanza kwa sauti kubwa. Nusu ya pili ndiyo sharti lenyewe.

Nirudi kwa maneno ya yule mwongozaji, kwa sababu mwongozaji asiyejua ni hasara hata kwa mgeni aliyemlipa. Hata nguzo za umeme zingepangwa kuuzunguka ufuko wote wa Mweru, taa zingeendelea kuwashwa ziwani, kwa kuwa samaki hafuati nguzo, anafuata mwanga uliowekwa juu ya maji yake penye giza. Kile alichokiita umaskini ni ufundi. Hakujua hata hesabu ya mwezi. Kule Mosi-oa-Tunya wageni hupelekwa usiku wa mwezi mpevu, maji yakiwa mengi, kutazama upinde wa mvua unaotokana na mbalamwezi. Anayedhani kila maajabu ya usiku hutaka mbalamwezi atawaleta wageni Kashikishi siku hiyo hiyo, awaonyeshe ziwa tupu, kisha awaambie hawakuwa na bahati. Tromsø wingu linaweza kuwanyima wageni bahati kweli. Kwetu ilitosha kumwuliza mvuvi mmoja.

Wenzangu waliileta Norway kama shahidi wao. Mimi pia namwita shahidi huyo huyo. Mwaka 1899, karibu na Alta, kilijengwa kituo cha kuchunguza mianga juu ya mlima Haldde, na mwanasayansi Kristian Birkeland alitumia miaka mingi kutafuta chanzo chake. Waliijua mianga yao miongo mingi kabla ya basi dogo la watalii. Na tusiishie Norway. Nchi zile za kaskazini ndiko waliko Wasami, wenyeji wa tangu zamani, ambao wamechoka kuona mavazi na desturi zao zikigeuzwa mapambo ya ziara. Mwaka 2018 Bunge la Wasami nchini Finland lilipitisha kanuni za maadili kwa utalii unaowahusu. Kwa hiyo hata huko, mwanga unatazamwa bila idhini, lakini watu hawatazamwi bila idhini. Mfano mlioutumia kunishinda unasimama upande wangu.

Najua majibu mawili yatakayokuja. La kwanza ni kwamba fedha ni fedha: mgeni akila na kulala Kashikishi, mji mzima unapata. Ni kweli kwa mwenye nyumba ya wageni na kwa mwenye mgahawa. Lakini hakuna mgeni anayefunga safari kutoka Lusaka kuja kutazama chumba cha kulala. Anakuja kwa ajili ya taa. Ikiwa kila mtu atalipwa isipokuwa aliyewasha taa, hiyo tusiiite maendeleo ya wavuvi. La pili ni kwamba mvuvi akianza kulipwa kwa kutazamwa ataacha kuvua, awe mwigizaji. Wanaosema hivi hawajawahi kumwona shangazi akihesabu mabeseni. Magunia yanangojwa sokoni, na ada ya shule hailipwi kwa picha.

Basi nataka nini? Nataka mambo machache, na hakuna lililo gumu. Mwongozaji awe mtu aliyevua au aliyekulia katika nyumba ya wavuvi, na alipwe kwa maarifa hayo kama anavyolipwa yule wa Tromsø. Wavuvi wenyewe, kupitia wazee wao wa ufukweni, waseme usiku gani wageni waje na wasije, na boti isimame umbali gani, injini ikiwa imezimwa na tochi pia. Sehemu ya malipo iende kwa wenye mitumbwi, mbele ya macho ya wote. Na mgeni aanze na ufuko kabla ya maji: awasalimie watu, aambiwe chisense ni nini, aone asubuhi wanavyoanikwa. Haya yasipowezekana, ziara isiwepo. Afadhali taa zetu zisijulikane kuliko kujulikana kwa hasara ya wanaoziwasha.

Kuna jambo moja ambalo sikulisema darasani, nalo ndilo lililonifanya nione aibu kwa kura yangu. Nyumbani kwetu taa hizo huhesabiwa. Upepo wa Mweru ukivuma ghafla usiku, wanawake hutoka nje wakasimama ufukweni. Kwa mbali sana huwezi kujua ipi ni ya nani, lakini utawasikia wakisema ile ya kushoto haionekani, ile imerudi, ile bado. Niliwahi kusimama na shangazi katika usiku kama huo hadi mjomba alipofika akiwa amelowa. Mtu akija hapo na wageni wake, awaambie watazame jinsi zinavyopendeza, sidhani kama atakuwa amesema uongo. Atakuwa tu hajui amesimama karibu na nani.

Wahenga walisema mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Kashikishi jembe letu ni kafi. Wenzangu walioshinda mjadala ninawakaribisha kwetu, wakati wa giza. Nitawapeleka kwa mjomba tumwombe ruhusa, mtakaa katika mtumbwi, mtapiga kafi, mtangoja samaki kwa ukimya hadi usiku wa manane. Asubuhi mtamsaidia shangazi kuanika. Kisha turudi darasani, tupige kura upya.