Mwenye kasino alipe maji kwanza, zawadi baadaye

Kuna hundi moja maarufu hapa nchini ambayo hakuna benki itakayoipokea. Ni ile ya kadibodi, ndefu kama mlango, inayoshikwa na watu watatu mbele ya kamera: mwenye hoteli au meneja wa kampuni ya kamari upande mmoja, mwalimu mkuu au mganga mkuu upande wa pili, na katikati kiongozi wa serikali aliyealikwa kutabasamu. Sina ugomvi na madawati wala magodoro yanayonunuliwa kwa fedha hizo. Mtoto anayeandikia magotini hana muda wa kuuliza dawati limetoka kwa nani. Ugomvi wangu ni wa hesabu. Tumezoea kumpima tajiri kwa alichotoa, hatuulizi alikuwa anadaiwa nini kabla hajatoa. Na kwa wenye hoteli na kasino wa Dar es Salaam, na wale wa hapa Morogoro mjini, deni la kwanza liko juu ya vichwa vyetu, kwenye Milima ya Uluguru.

Tuanze mbali, kwa mtu ambaye ukarimu wake hauna shaka. Kirk Kerkorian alizaliwa California mwaka 1917, mtoto wa wahamiaji wa Kiarmenia. Aliacha shule mapema, akapigana ngumi, akawa rubani, kisha akaijenga Las Vegas ya hoteli kubwa. Mara tatu, mwaka 1969, 1973 na 1993, alifungua hoteli yenye kasino iliyokuwa kubwa kuliko zote duniani. Mwaka 1989, baada ya tetemeko la ardhi lililoivunja Armenia, alianzisha mfuko wa Lincy, uliotoa zaidi ya dola bilioni moja kabla ya kufungwa mwaka 2011. Barabara na shule zilijengwa, naye hakutaka jina lake liandikwe ukutani. Hundi ya kadibodi hakuwa nayo. Lakini tarehe 21 Novemba 1980 moto ulianzia kwenye mgahawa wa hoteli yake ya MGM Grand, ukapita katika kasino, na moshi ukapanda ghorofani walikolala wageni. Walikufa watu 85. Sehemu kubwa ya kasino na migahawa ile haikuwa na vinyunyizio vya maji vya kuzimia moto. Hakuna shule ya Armenia, hata iwe nzuri vipi, inayoweza kuingia mahali pa bomba lile lililokosekana darini. Mgeni alikuwa na haki yake, Armenia ikapata zawadi. Ni madaftari mawili.

Karibu na nyumbani, Wakenya walijifunza jambo jingine. Kampuni ya kamari ya SportPesa ilikuwa mfadhili mkubwa wa michezo yao, na mwaka 2017 ikavuka mpaka ikaanza kuzidhamini klabu za Simba na Yanga hapa kwetu. Kodi ya asilimia 35 ya mapato ghafi ya kamari ilipoanza kutumika Kenya Januari 2018, kampuni ilitangaza siku zile zile kufuta udhamini wa klabu na vyama vya michezo nchini humo. Simlaumu mfanyabiashara kwa kupunguza matumizi. Ninachosema ni kwamba kilichoitwa kurudisha kwa jamii kilikuwa kwenye swichi, na mkono uliokuwa kwenye swichi haukuwa wa jamii.

Sasa tutazame juu. Mito ya Mfizigo, Mvuha na Mgeta huteremka kutoka Uluguru kuingia Ruvu. Ngerengere nao, unaojaza Bwawa la Mindu kwa ajili ya mji wa Morogoro, huishia humo humo. Mitambo ya Ruvu Juu na Ruvu Chini, yenye uwezo wa kuzalisha lita milioni 466 kwa siku, ndiyo tegemeo kuu la Dar es Salaam na sehemu kubwa ya Pwani. Mgeni anayeshinda au kushindwa mezani Masaki, akapanda chumbani kuoga, anaoga mvua ya Kibungo na Kinole, huko milimani. Ruvu ilipopungua Oktoba 2022, jiji zima liliingia kwenye mgao. Tatizo la maji si uhaba peke yake. Mteremko ukichomwa moto kuandaa shamba, mvua ya kwanza huondoka na udongo, na mto unafika mitamboni ukiwa na rangi ya chai ya maziwa.

Dawa yake inajulikana, na si ya maabara. Mkulima hufunga vijiti vitatu kama herufi A, akaning'iniza jiwe kwa kamba katikati, akapima mstari usiopanda wala kushuka. Kwenye mstari huo huchimba mtaro na kurusha udongo upande wa juu. Ndiyo maana huitwa fanya juu. Kwenye tuta hupanda mabingobingo yashike ardhi. Kazi hiyo inavunja mgongo, na sehemu ya shamba inaliwa na tuta. Mwingereza alijaribu kuilazimisha Uluguru bila malipo. Mwaka 1955 watu wa Matombo wakagoma, polisi wakafyatua risasi, damu ikamwagika. Nusu karne baadaye mashirika ya CARE na WWF yalipanda milimani na wazo tofauti: wakulima wa Kibungo Juu walipwe kwa matuta na miti yao, na wanaolipa wawe wanywaji wa chini. DAWASCO, shirika la maji la Dar es Salaam wakati huo, na kiwanda cha vinywaji cha Coca-Cola Kwanza wakaingia. Mteremko uleule, tuta karibu lilelile. Safari hii watu walichimba kwa hiari. Udhaifu ulikuwa kwamba wanunuzi walikuja kwa makubaliano ya hiari, bila sheria ya kuwafunga. Hoteli na kasino hazikuwamo.

Nitaambiwa mwenye hoteli analipa bili ya maji kila mwezi. Analipa, na bili hiyo inanunua umeme wa pampu, dawa na mabomba. Bodi ya maji ya Bonde la Wami/Ruvu nayo inakusanya ada ya matumizi ya maji. Lakini mtu aliyeacha kulima sehemu ya mteremko wake ili maji yawe safi hana mstari wake kwenye bili hiyo. Nitaambiwa pia kwamba wakulima watakula fedha na kuendelea kuchoma moto. Wapo watakaofanya hivyo, kama wapo wenye hoteli wanaokwepa kodi. Lakini tuta haliwezi kufichwa: linapimwa kwa hatua za miguu, na asiyelitunza halipwi msimu unaofuata.

Pingamizi lenye uzito zaidi ni la dini. Mji wetu una misikiti na makanisa ambayo hayataki fedha za kamari, na waumini wake wana haki yao. Sadaka ya kamari naikubali kuwa jambo la kutia shaka. Ndiyo sababu nyingine ya kuacha kuiita sadaka. Muuza mkaa hamuulizi mnunuzi mshahara wake umetoka wapi, kwa kuwa anauza. Mluguru naye anauza maji yaliyotulia. Aliyelipwa haki yake halazimiki kupiga makofi, wala kusimama kwenye picha.

Napendekeza watumiaji wakubwa wa maji ya Ruvu, kuanzia hoteli, kasino na viwanda vya vinywaji, watozwe kiasi kinachoonekana kwa kila uniti, kiende kwa vijiji vya vyanzo kupitia ofisi ya bonde, na kisitegemee hiari ya mtu. Wasiotaka kungoja sheria wanaweza kuanza wenyewe. Treni ya SGR inawatoa Dar es Salaam na kuwafikisha Morogoro kwa muda usiozidi saa mbili, na ofisi ya Bonde la Wami/Ruvu iko hapa mjini. Waje na hundi ya benki. Ile ya kadibodi waiache.