Mzee Ojwang' na Deni la Watazamaji

Benson Wanjau alipofariki dunia katika Hospitali Kuu ya Kenyatta, tarehe 12 Julai 2015, wako waliouliza ni nani huyo. Walipoambiwa kuwa marehemu ndiye Mzee Ojwang' wa "Vitimbi", nchi nzima ilishika tama.

Hapo ndipo ulipo ustadi wake. Wanjau, aliyekuwa Mkikuyu, aliigiza mzee wa Kijaluo kwa lafudhi na mwendo uliowafanya wengi waamini kwamba ndiko alikozaliwa. Katika nchi ambapo jina la ukoo hutosha kumhukumu mtu, hilo halikuwa jambo dogo. Yeye na Mama Kayai, yaani Mary Khavere, walikuwa mume na mke wa kila nyumba yenye televisheni (na ya jirani pia, maana tulijazana kwa wenyewe).

Hata hivyo, macho yake yalipopoteza nuru, iliwabidi wananchi wachange fedha mwaka 2012 ili atibiwe. Je, mchekeshaji wa taifa astahili kuponea michango? Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001 inamtambua mwigizaji, lakini anayelipwa kipindi kimoja kimoja hana pensheni. Walimu wanaowaandaa vijana kwa mashindano ya drama wanawafunza sauti na mwondoko. Ingefaa wawaeleze vilevile mkataba ni kitu gani, na ni nani alipwaye kipindi kinaporudiwa, kabla hawajafika mlangoni mwa studio kutia sahihi wasichokisoma.