Neno Unyonyaji na Filamu ya Wanyonya Damu

Mwalimu akiuliza darasani, "Unyonyaji ni nini?", mikono huinuka upesi, na maana iliyonakiliwa ubaoni hurudishwa neno kwa neno. Lakini ni wanafunzi wangapi wanaoiona picha iliyomo ndani ya neno lenyewe: kinywa kinachofyonza uhai wa mwingine? Azimio la Arusha la mwaka 1967 liliupinga unyonyaji waziwazi. Mazoea yetu ya kukaririsha yamelifanya neno hilo kuwa sauti tupu.

Niliikumbuka kasoro hii nilipoitazama Daybreakers, filamu ya Australia iliyotungwa na kuongozwa na ndugu wawili, Michael na Peter Spierig, na kuonyeshwa kwanza mwaka 2009. Humo, maradhi yamewageuza watu wengi kuwa wanyonya damu. Hao ndio askari, ndio viongozi, ndio wenye makampuni. Huenda kazini usiku na kunywa kahawa iliyotiwa damu. Binadamu waliosalia hufungwa kwenye mitambo na kukamuliwa. Lakini damu inakwisha, na wanaoikosa hugeuka mazimwi. Mtaalamu wa damu, Edward Dalton, anatafuta damu ya bandia. Kumbe tajiri wake, Charles Bromley, amekusudia kuendelea kuwauzia matajiri damu halisi hata hiyo ya bandia ikipatikana. Hapo ndipo lilipo funzo: ufundi peke yake hauondoi unyonyaji.

Filamu hii haifai kabisa kuonyeshwa watoto, kwani inatisha mno. Kinachotufaa sisi walimu ni njia yake: hubadili jambo moja katika maisha ya kawaida, kisha hulifuata hadi mwisho wake.

Ndugu mwanachuo, jaribu njia hiyo bila damu. Waambie wanafunzi wawazie kijiji chenye kisima kimoja, mali ya nyumba moja. Nani atachota kwanza? Maji yakipungua, nani atakosa? Majirani wakihama, mwenye kisima atamuuzia nani? Waache wajibizane. Mwisho wa kipindi ndipo uandike ubaoni neno "unyonyaji".

Watakuwapo watakaosema kwamba muda hautoshi na mtihani unangoja. Hoja hiyo ina uzito. Hata hivyo, mtoto aliyekariri maana atafaulu mtihani, kisha anyonywe, au anyonye wenzake, bila kutambua kwamba hilo ndilo alilofundishwa.