Mmea wa Ajabu Nao Una Masharti Yake

Wapo wanaoiona mimea ya ajabu katika riwaya za fantasia kuwa njia ya mkato tu. Mhusika akijeruhiwa, mwandishi humchumia jani, jani linaponya, hadithi inaendelea. Kwa kuwa ulimwengu wenyewe ni wa kubuni, wanasema, mwandishi habanwi na kitu: akitaka mti useme, utasema. Hukumu hii utaisikia hata kwa wapenzi wa fasihi, na kawaida huishia kwa kauli kwamba hizo ni hadithi za watoto. Mimi naona kinyume chake. Katika kazi zilizodumu, mmea unapopewa nguvu ndipo mwandishi anapoufunga kwa kamba nyingi zaidi.

Chukua athelas, mmea wa dawa katika The Lord of the Rings, riwaya ya J.R.R. Tolkien iliyotoka kati ya 1954 na 1955. Ukisimuliwa juujuu utadhani ndilo hasa jani la mkato: Aragorn, mrithi wa ufalme, anaponda majani, anayatia katika maji ya moto, mgonjwa anafumbua macho. Lakini lifuate jani hilo tangu mwanzo. Tunakutana nalo nyikani, baada ya Frodo, mhusika mkuu, kuchomwa kisu kilimani Weathertop. Aragorn analipata gizani kwa kunusa, maana halioti ovyo. Huota pale tu walipowahi kuishi au kupiga kambi watu wa kale wa magharibi, walioileta mbegu yake kutoka ng'ambo ya bahari. Yaani ni mmea mgeni uliofuata nyayo za wahamiaji, jambo ambalo mtaalamu yeyote wa mimea atalitambua mara moja. Na je, Frodo anapona? Hapana. Maumivu yanapungua na ubaridi wa jeraha unalegea, basi. Kipande cha kisu kinabaki mwilini mpaka mganga Elrond anapokitoa siku nyingi baadaye, na hata baada ya hapo kidonda humrudia, mpaka anaiaga nchi yake moja kwa moja.

Baadaye tunafika katika nyumba za wagonjwa mjini Minas Tirith, na hapa ndipo ninapopapenda zaidi. Vita vimeleta majeruhi wasiozinduka, dawa iko, ila ghalani haimo! Bingwa wa mitishamba wa mji analijua jani hilo kwa majina yake yote, lugha hii na ile, na anajua hata mashairi ya vikongwe kulihusu. Hakulihifadhi kwa sababu anaamini halina kazi zaidi ya kuburudisha hewa nzito. Mwenye kumbukumbu iliyo hai ni bibi mmoja mhudumu, Ioreth, anayerudia masimulizi ya zamani kwamba mikono ya mfalme ni mikono ya mganga. Mwishowe mtoto anatumwa mbio, anarudi na majani sita kitambaani, tena si mabichi, yamechumwa si chini ya wiki mbili nyuma. Tolkien hakuwa na haja ya kuchelewesha mambo hivi kama alitaka muujiza tu. Alichokishughulikia ni jinsi jamii inavyoweza kubaki na jina la dawa huku matumizi yake yakipotea.

Hoja nzito ya wapinzani ni kwamba jani linapata nguvu zake kamili mikononi mwa mfalme, na hiyo ni siasa ya damu na ukoo. Sitaitetea, mimi pia hainipendezi. Ila hata hilo ni sharti, tena zito: lingekuwa jani la mkato, yeyote angelitumia.

Wasomaji wa J.K. Rowling nao wana mandrake, mmea wenye mzizi unaofanana na mtu na kupiga kelele ung'olewapo. Rowling hakuubuni. Ni Mandragora, mmea halisi wa nchi za Mediterania, wa ukoo mmoja na nyanya na bilinganya, wenye sumu inayolewesha na kulaza usingizi. Kwa karne nyingi watu wa Ulaya waliamini kwamba mlio wake unaua, wakasimulia habari za kumfunga mbwa ili aung'oe yeye. Katika kitabu chake kilichotoka 1998, waliogeuzwa kuwa kama mawe wanalazimika kusubiri dawa ya mmea huo kwa sehemu kubwa ya mwaka wa masomo, kwa sababu miche bado haijakomaa. Shule yao imejaa wachawi hodari, na hakuna anayeikomaza kwa usiku mmoja. Kinachoendesha hadithi ni kasi ya mche kukua.

Ukitaka mmea usio na masharti, usiutafute riwayani. Simama kituo cha basi umsikilize muuza mitishamba mwenye kipaza sauti: chupa moja inatibu presha, kisukari, nguvu za kiume na mkosi wa kazi.

Mahali pamoja tu nawakubalia wapinzani kidogo. Mwishoni mwa riwaya ya Tolkien, Sam, rafiki wa Frodo aliyesafiri naye, anarudi kwao na kukuta miti imekatwa ovyo. Anacho kisanduku cha vumbi alichopewa na Galadriel, na majira ya kuchipua yanapofika, miti inakua ndani ya mwaka mmoja kana kwamba imepita ishirini. Hiyo ni haraka ya kupendeza mno, nami kila nikisoma hujiuliza kama haikuwa upole wa mzee kwa wahusika aliowatesa sana. Hata hivyo Sam anaanza kwa kupanda miche kwa mkono, pale ilipokatwa ile mizuri zaidi, na vumbi analigawa chembe kwa chembe akizunguka nchi nzima. Ndani ya kisanduku mlikuwa na kokwa moja tu ya mti wa mallorn. Mwandishi asiyebanwa na kitu angempa gunia.