Tuonyesheni pia nyanya zilizokufa

Olkaria na kamera si wageni kwa wageni. Sehemu za Lara Croft Tomb Raider: The Cradle of Life, filamu ya 2003, zilipigwa papa hapa Hell's Gate. Hollywood ilikuja, ikachukua miamba yetu, ikaondoka.

Lakini stori ya hapa inayoweza kumlisha kijana iko ndani ya vivungulio. Pale Oserian, mvuke wa visima vya Olkaria ulitumika kupasha joto hekta 50 za waridi. Usiku joto lile lilipunguza unyevu, ukungu ukakosa pa kushika. Hata hewa ya kaboni kutoka kisimani ilielekezwa kwa maua ili yakue vizuri. Hiyo ni filamu tosha!

Sisi tunamaliza bando kwa nini? "Nilivyopata milioni kwa nyanya." Jamaa amesimama kati ya nyanya nyekundu, muziki uko juu, kisha kwaheri.

Binamu yangu aliziamini hizo video. Alitoa akiba yake na ya shangazi, akajenga kivungulio. Kabla ya mavuno mimea ikaanza kulala mchana, majani yakiwa bado kijani. Akapulizia dawa moja, akaongeza nyingine. Wapi!

Aliyemfungua macho ni mama jirani, aliyefanya kazi miaka mingi kwenye shamba la maua. Alikata shina moja, akalining'iniza kwenye glasi ya maji safi. Dakika chache tu, uzi mweupe kama maziwa ukaanza kuchuruzika. Mnyauko wa bakteria. Unakaa udongoni, na hakuna dawa ya kupulizia itakayouponya mmea. Ukirudisha nyanya, viazi au biringanya hapo, unaulisha tena.

Jaribio hilo linaenea kwenye video ya dakika moja. Lingemwokolea binamu pesa za dawa, na kama angeliona mapema, angeuliza habari za udongo kabla ya kupanda.

Najua mtasema video za hasara hazipati watazamaji. Basi mbona Shamba Shape Up, iliyoanza 2012, ilipendwa? Inaingia kwa mkulima halisi mwenye tatizo halisi, na tunabaki tukitazama kwa sababu tatizo ni letu.

Kwa hivyo, wewe kijana wa Naivasha mwenye simu nzuri, acha kurekodi mavuno pekee. Fuata kivungulio kimoja tangu mbegu hadi soko. Tuonyeshe bei ya maji, broka akikataa kreti, na mmea uliokufa. Halafu mtafute mama kama yule, umpe kamera na heshima yake. Waridi alizochambua zilifika Uholanzi, lakini ujuzi wake haujavuka hata barabara ya mtaani kwetu.